INTOMVU: UA LA NYUNGWE LISILOFAA KUKATWA

Msafiri atokaye Kigali kwenda Rusizi, akishaipita miji ya Huye na Nyamagabe, huingia katika msitu wa Nyungwe. Hewa hugeuka baridi, ukungu hutanda, na miti mirefu huziba jua. Miongoni mwa miti hiyo imo podo, ndugu wa mbali wa misonobari iliyopandwa na watu pembezoni mwa msitu. Penye mwanya wa mwanga, hasa mabondeni, husimama mmea wa ajabu uitwao intomvu kwa Kinyarwanda. Wataalamu huuita lobelia.

Shina lake huweza kufikia kimo cha meta 9, na kileleni lina majani marefu yaliyokusanyika kama taji. Mmea huu hukua miaka kadhaa bila ya kutoa ua. Siku zake zikitimia, huchomoza mkuki mrefu uliojaa maua, na ndege aitwaye chozi huja kufyonza utamu wake. Mbegu zake, ambazo ni ndogo mno, huchukuliwa na upepo. Kisha shina lile hukauka na kufa.

Yafaa basi jambo hili lieleweke nyumbani. Mtu akatapo waridi bustanini, mti wake huchipua na kuchanua tena. Lakini akataye mkuki wa intomvu ili apambe sebule, huharibu kazi ya miaka yote, pamoja na mbegu ambazo hazijapevuka. Tena utomvu wake, ulio mweupe kama maziwa, una sumu; haifai uingie machoni wala kinywani mwa mtoto.

Nyungwe ni hifadhi ya taifa, na mwaka 2023 iliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia. Maji ya milima yake hugawanyika, mengine yakielekea mto Kongo na mengine mto Nile. Kung'oa mimea humo ni kosa kisheria.

Kwa hiyo askari au polisi arejeaye likizo kutoka upande huo, asiwachukulie jamaa zake ua hilo. Akitaka ukumbusho, na apige picha. Akina mama wapendao kupamba nyumba watapata waridi za wakulima sokoni. Nao watoto, watakapopelekwa Nyungwe, waonyeshwe intomvu ikiwa imesimama mahali pake.