Ushuhudiaji kama Mkabala wa Kuisawiri Jamii katika Filamu za Wang Bing

Ushuhudiaji katika filamu za hali halisi ni mkabala ambao mtengenezaji huyafuata maisha ya watu jinsi yanavyoendelea, pasipo msimulizi wa kumweleza mtazamaji la kufikiri. Sehemu hii inafafanua mkabala huo kwa kumrejelea Wang Bing, mtengenezaji filamu wa kujitegemea aliyezaliwa nchini Uchina mwaka 1967. Hoja ya msingi ni kwamba ukimya wake si ishara ya kutokuwa na msimamo.

Filamu yake ya kwanza, *Tie Xi Qu*, ilirekodiwa kati ya mwaka 1999 na 2001 katika eneo la viwanda la Tiexi, mjini Shenyang, wakati viwanda vya serikali vilipokuwa vikifungwa. Wang alitumia kamera ndogo ya dijitali, jambo lililomwezesha kufanya kazi bila kikosi kikubwa na kukaa na wafanyakazi kwa muda mrefu. Filamu hiyo ina takribani saa tisa na imegawanywa katika sehemu tatu: ya kwanza inahusu viwanda, ya pili makazi ya wafanyakazi yanayobomolewa, na ya tatu reli. Mpangilio huu unabainisha kwamba kufungwa kwa kiwanda hakuishii langoni mwake. Huifikia nyumba, kisha familia.

Urefu wa filamu, kwa hiyo, ni sehemu ya hoja yenyewe. Mtazamaji huwaona wafanyakazi wakioga, wakicheza karata na kungoja mishahara, hadi anauhisi mwendo wa kuporomoka kwa maisha yao. Takwimu za waliopoteza ajira zisingeweza kumpa hisia hiyo.

Hata hivyo, mtengenezaji hatoweki. Katika *He Fengming* (2007), mwanamke mzee anasimulia mateso yaliyotokana na kampeni dhidi ya waliobandikwa jina la wafuasi wa mrengo wa kulia. Kamera imetulia mbele yake. Jioni inaingia na chumba kinagubikwa na giza, mpaka Wang anapomwomba awashe taa. Ombi hilo fupi linadhihirisha kwamba daima yupo mtu aliyeamua mahali pa kuiweka kamera na muda wa kusikiliza.

Uamuzi huo huzua suala la kimaadili. Katika sehemu ya tatu ya *Tie Xi Qu*, kijana ambaye baba yake amekamatwa anatazama picha za familia na kulia, huku kamera ikiendelea kurekodi. Kuizima kungemsitiri, kuiacha kunahifadhi ushahidi wa gharama ambayo kumbukumbu rasmi haziiandiki.

Kwa jumla, ushuhudiaji wa Wang Bing unapaswa kuhakikiwa kama uteuzi wenye uwajibikaji. Mhakiki hana budi kuchunguza kinachoonekana, muda kilichopewa, na haki ya anayeonekana.