Baroko, Sanaa Isiyokubali Kutulia

Katika kanisa la Santa Maria della Vittoria, jijini Roma, mtawa wa marumaru amelegea juu ya wingu, mdomo wazi kidogo, mguu mtupu ukining'inia. Malaika anamtabasamia, mshale mkononi. Mtawa huyo ni Teresa wa Avila, aliyesimulia mwenyewe jinsi malaika alivyomchoma moyo. Gian Lorenzo Bernini alimchonga kati ya 1647 na 1652, lakini hakuishia kwenye sanamu. Alificha dirisha juu yake, ili mwanga wa jua uteremkie miale ya dhahabu bila mtazamaji kujua unatoka wapi. Kwenye kuta za pembeni akawachonga watu wa ukoo wa Cornaro, uliogharimia kazi hiyo, wakiwa kwenye roshani mithili ya watazamaji wa tamthilia.

Uchongaji, ujenzi, mwanga na maigizo vimeungana kumteka anayetazama. Hiyo ndiyo Baroko, mtindo uliotamba Ulaya tangu mwanzo wa karne ya 17 hadi katikati ya karne ya 18.

Dini ilichangia sana kuuzaa. Uprotestanti ulikuwa umeligawa Kanisa, na Mtaguso wa Trento, mkutano wa maaskofu Wakatoliki uliofungwa 1563, ulitaka picha za makanisani zifundishe waumini na kuamsha ibada. Utulivu wa wasanii waliotangulia haukutosha tena. Katika sanamu, Daudi wa Michelangelo amesimama akimkazia adui macho. Daudi wa Bernini amejipinda, midomo ameibana, kombeo limevutwa, jiwe li karibu kuruka. Baroko hupenda hasa nukta hiyo ambapo jambo linageuka.

Katika uchoraji, Caravaggio alitumia giza. Katika mchoro wake wa kuitwa kwa Mathayo (1599–1600), watoza ushuru wamezunguka meza ya fedha wakiwa na mavazi ya zama za mchoraji mwenyewe, na nuru inaingia upande uleule anaoingilia Kristo.

Waandishi nao hawakupenda njia iliyonyooka. Luis de Góngora wa Hispania, katika shairi lake *Soledades* (1613), aliboronga sarufi makusudi na kurundika istiari juu ya istiari. Wapinzani walimshambulia kwa ugumu huo, ingawa msomaji mwenye subira hulipwa vizuri. Pedro Calderón alipenda tanakuzi ya ndoto na kweli: katika tamthilia yake *La vida es sueño*, mwanamfalme aliyefungwa mnarani tangu utotoni analeweshwa dawa, anazindukia ikulu, kisha anarudishwa kifungoni na kuambiwa alikuwa akiota.

Wanaoiona Baroko kuwa mbwembwe tupu wamsome Mjerumani Andreas Gryphius. Alizaliwa 1616, miaka miwili kabla ya kuanza kwa Vita vya Miaka Thelathini vilivyoiharibu Ujerumani. Katika soneti yake *Tränen des Vaterlandes* anarundika moto, tauni na damu, kisha anataja lililo baya kuliko kifo: watu wengi wameporwa hazina ya roho zao. Aliitunga 1636, na vita vilikuwa bado vina miaka 12 ya kuendelea.