Utunzaji wa Kucha za Mbwa Nyumbani

Katika miji ya Afrika ya Mashariki mbwa wengi hufugwa kwa ajili ya ulinzi. Mchana hufungwa kwa mnyororo au hufungiwa bandani, na usiku hufunguliwa ili walinde ua. Hupewa ugali na mabaki ya nyama, na wenye bahati huchanjwa na kuogeshwa dawa ya kupe. Lakini iko sehemu moja ya mwili wa mbwa ambayo aghalabu husahauliwa mpaka mnyama aanze kuchechemea, nayo ni kucha zake.

Jambo hili huonekana dogo, na kwa sababu hiyo hupuuzwa. Hata hivyo, ukucha uliozidi urefu waweza kumlemaza mbwa. Na ukucha uliokatwa kwa pupa waweza kumfanya mbwa mpole awe mkali kwa mtu ye yote atakayeugusa mguu wake tangu siku hiyo. Katika nchi ambazo ugonjwa wa kichaa cha mbwa bado upo, mbwa asiyekubali kushikwa si tatizo la mwenyewe peke yake, bali ni tatizo la mtaa mzima.

Umbile la ukucha

Mbwa hukanyaga kwa vidole vinne katika kila mguu. Juu kidogo, upande wa ndani wa miguu ya mbele, kipo kidole cha tano kisichofika chini, ambacho ni mfano wa kidole gumba cha binadamu. Kwa hiyo mbwa wengi wana kucha 18. Wachache huzaliwa na kidole cha namna hiyo katika miguu ya nyuma pia. Mbwa mwitu wa Afrika, kama wale wa hifadhi ya Ruaha, ni tofauti: hana kidole cha tano katika miguu ya mbele, na kucha zake ni 16 tu.

Paka, simba na chui huweza kuzirudisha kucha zao ndani, na ndiyo maana kwa kawaida alama za kucha hazionekani katika nyayo zao. Mbwa hana uwezo huo. Kucha zake hubaki nje wakati wote, na kila anapopiga hatua husuguana na ardhi.

Ukucha hufunika ncha ya mfupa wa mwisho wa kidole. Sehemu yake ya nje ni gamba gumu lililofanywa kwa keratini, protini ile ile inayojenga nywele, kwato na gamba la pembe za ng'ombe. Gamba hilo halina hisia, na kulikata hakuumizi. Lakini ndani yake, kutoka mfupani kuelekea kwenye ncha, iko nyama laini yenye mishipa ya damu na mishipa ya fahamu. Nyama hiyo ndiyo kiini cha ukucha. Katika kucha nyeupe kiini huonekana kwa nje kama mstari wa rangi ya waridi. Katika kucha nyeusi hakionekani kabisa. Ufundi wote wa kukata kucha ni kupunguza gamba bila kukigusa kiini.

Sababu za kucha kuzidi urefu

Gamba la ukucha hukua maisha yote ya mbwa. Mbwa anayefuatana na wachungaji, au anayetembea kila siku juu ya mawe, changarawe na lami, huzisaga kucha zake mwenyewe, na huenda asihitaji mkasi hata mara moja. Mbwa anayeshinda kwenye mnyororo, au anayeishi juu ya mchanga na nyasi, hana cha kuzisagia. Hali ni hiyo hiyo kwa mbwa mzee, mbwa mgonjwa na mbwa mdogo mwenye uzito hafifu. Hivyo urefu wa kucha ni ushahidi wa namna mnyama anavyoishi.

Ukucha wa kidole cha tano unahitaji kuangaliwa hata kwa mbwa anayetembea sana, kwa maana haugusi ardhi. Ukiachwa, hupinda kama pete mpaka ncha yake ikachoma ngozi na kufanya kidonda. Katika mbwa wenye manyoya marefu kidonda hicho chaweza kufichika kwa muda mrefu.

Liko jambo jingine ambalo wafugaji wengi hawalifahamu. Gamba linaporefuka, kiini nacho hurefuka pamoja nalo. Kwa hiyo mtu anayeziona kucha za mbwa wake zimekuwa ndefu mno, akaamua kuzifupisha zote kwa siku moja, hukata nyama hai. Dawa yake ni subira: gamba likipunguzwa kidogo kila juma, kiini hujirudisha nyuma polepole, na baada ya majuma kadhaa ukucha hurudia kipimo chake. Kinachotakiwa ni kidogo kidogo na mara kwa mara.

Madhara yake

Mbwa mwenye kucha ndefu hukanyagia ukucha kabla ya wayo. Kila hatua husukuma kidole juu au kukipindisha upande. Ili kukwepa maumivu, mnyama huhamishia uzito wake nyuma, na mwendo wake hubadilika. Mbwa mzee mwenye maungo mabovu huumia zaidi, na huteleza ovyo juu ya sakafu laini. Aidha, ukucha mrefu hunasa kwa urahisi katika wavu, mkeka au ufa wa ubao, ukapasuka mpaka kwenye kiini.

Kuzitambua kucha zilizozidi hakuhitaji kifaa. Mbwa asimamishwe wima juu ya sakafu iliyo sawa; kucha zake zisiguse sakafu. Dalili nyingine ni ya sikio: mbwa akipita juu ya saruji na kucha zikasikika zikigonga kila hatua, wakati wa kuzipunguza umefika. Kwa mbwa wengi wasiotembea sana, kuzikata kila baada ya majuma matatu au manne hutosha. Lakini kipimo cha kweli ni ukucha wenyewe, wala si kalenda.

Kumzoesha mbwa

Kazi huanza kabla ya mkasi. Kwa siku kadhaa mfugaji amguse mbwa miguuni bila kukata cho chote: amshike wayo, abonyeze kidole kimoja taratibu ili ukucha utokeze, kisha amwachie na kumpa kipande kidogo cha nyama au dagaa. Mbwa akishatulia, aonyeshwe mkasi na kusikilizishwa mlio wake. Ndipo ukatwe ukucha mmoja. Si lazima kucha zote 18 zimalizwe siku moja. Mbili leo na mbili kesho ni afadhali kuliko vita vya saa nzima.

Samaki mkunje angali mbichi, wasema wahenga. Mtoto wa mbwa aliyezoeshwa kushikwa miguu tangu majuma yake ya kwanza hatasumbua akiwa mkubwa. Mbwa mzima ambaye hajapata kuguswa atahitaji siku nyingi zaidi, na huenda akahitaji kufungwa mdomo kwa kitambaa laini. Kitambaa hicho kisikazwe mno wala kisikae zaidi ya dakika chache, kwa maana mbwa hupoza mwili wake kwa kuhema mdomo ukiwa wazi, na katika joto kumziba ni hatari. Mbwa anayenguruma au kuonyesha meno asilazimishwe. Apelekwe kwa daktari wa mifugo.

Vifaa na jinsi ya kukata

Kifaa kifaacho ni mkasi wa kucha za mbwa, unaouzwa katika baadhi ya maduka ya dawa za mifugo. Kwa mtoto wa mbwa, kikata kucha cha binadamu chaweza kutumika. Tupa ndogo husaidia kulainisha ncha, na kwa mbwa mwoga yaweza kufanya kazi yote peke yake. Wembe, kisu na koleo havifai: huteleza, au huuponda ukucha badala ya kuukata. Mkasi butu nao huponda, na mbwa hulikumbuka bano hilo kama maumivu.

Kazi hii yafaa kufanywa na watu wawili mahali penye mwanga wa kutosha. Mmoja, ambaye mbwa amemzoea, amshike na kumtuliza, mwingine akate. Hatua zake ni hizi:

1. Ushike wayo kwa uthabiti bila kuubana, na kutenga kidole kimoja.

2. Katika ukucha mweupe, tafuta mwisho wa mstari wa waridi, kisha kata ukiacha nafasi ya milimita 2 hivi mbele yake.

3. Katika ukucha mweusi, kata vipande vyembamba sana kimoja kimoja, na kila mara tazama uso wa mahali palipokatwa. Mwanzoni huonekana pakavu na peupe kama chaki. Likianza kuonekana doa la kijivu au jeusi katikati, acha hapo hapo, kwa kuwa kiini ki karibu.

4. Usisahau ukucha wa kidole cha tano.

5. Mpe mbwa zawadi yake, hata kama umekata ukucha mmoja tu.

Damu ikitoka

Hata mtu mwenye ujuzi huweza kukigusa kiini. Mbwa atalia na damu itatoka, nayo yaweza kuonekana nyingi, lakini kwa mbwa mwenye afya si hatari kwa maisha yake. Ncha ya ukucha ibanwe kwa kitambaa safi kwa dakika kadhaa bila kufunuliwa kila mara. Unga wa kukausha damu unaouzwa kwa ajili ya mifugo ni mzuri. Ukikosekana, wanga safi au unga mkavu wa mahindi husaidia damu kuganda. Baada ya hapo mbwa awekwe mahali pasafi, asichimbe udongo siku hiyo. Damu ikiendelea kutoka baada ya nusu saa, daktari wa mifugo aonwe. Ukucha uliopasuka mpaka ndani, au uliokwisha kuingia katika nyama, usikatwe nyumbani kamwe.

Kukagua miguu

Faida mojawapo ya kukata kucha ni kwamba mfugaji hupata nafasi ya kuitazama miguu kwa karibu. Kupe hupenda kujificha kati ya vidole, na baadhi yao huambukiza mbwa maradhi ya damu. Funza nao huingia katika nyayo na kando ya kucha. Kiroboto huyo ni mgeni katika Afrika: aliletwa Angola kutoka Brazili kwa meli mwaka 1872, na katika muda wa miongo michache alikuwa amelivuka bara mpaka pwani ya mashariki. Jike lake hujichimbia katika ngozi na kuvimba kwa mayai. Funza wa mbwa ndiye huyo huyo wa binadamu. Hivyo nyumba inayotibu miguu ya watoto na kuiacha miguu ya mbwa huuacha mlango wazi. Uvimbe, harufu mbaya, usaha, au mbwa kulamba mguu mmoja bila kukoma ni dalili za kumwita daktari.

Mkono unaoaminika

Kichaa cha mbwa huletwa na virusi vinavyokaa katika mate ya mnyama mgonjwa, na aghalabu humfikia binadamu kwa kuumwa na mbwa. Dalili zikishatokea kwa mtu, karibu kila mara hufa. Kwa hiyo haifai kumkata kucha mbwa asiyechanjwa, wala mbwa aliyebadilika tabia ghafula. Mtu akiumwa, jeraha lioshwe mara moja kwa sabuni na maji mengi kwa dakika 15, na aende hospitali siku hiyo hiyo kupata chanjo, hata kama jeraha ni dogo.

Kinga kubwa ya ugonjwa huu ni kuchanja mbwa, na hapa ndipo ukucha na chanjo vinapokutana. Siku ya chanjo mbwa huletwa kwa kamba, mara nyingi na watoto, mahali penye kelele na mbwa wengine. Yule aliyezoea kushikwa hupata sindano yake kwa nukta chache. Yule ambaye mkono wa binadamu kwake maana yake ni maumivu tu, huuma, au huponyoka, au huachwa nyumbani. Na mbwa aliyeachwa nyumbani ndiye anayeuweka ugonjwa hai. Shirika la Afya Duniani na wenzake wameweka lengo kwamba ifikapo mwaka 2030 asiwepo mtu anayekufa kwa kichaa kitokanacho na mbwa. Lengo hilo litategemea chanjo na fedha, lakini pia litategemea mbwa wanaokubali kushikwa.

Sheria ya Ustawi wa Wanyama ya Tanzania ya mwaka 2008 inamtaka mwenye mnyama amtunze na kumwepusha na mateso yasiyo ya lazima. Ukucha uliozama katika nyama ni mateso ya namna hiyo, na kuyazuia ni rahisi. Mkasi mkali, mwanga wa kutosha, kipande cha dagaa na dakika kumi kila baada ya majuma machache vyatosha. Na mbwa asiye na cha kuzisagia kucha zake anahitaji dawa moja zaidi, isiyouzwa dukani: kufunguliwa mnyororo na kutembezwa.