Talaka kwa Maridhiano katika Sheria ya Ndoa ya Wahindu

Sheria ya Ndoa ya Wahindu ya mwaka 1955, nchini India, hapo awali haikuwa na kifungu cha talaka kwa maridhiano. Kifungu hicho, 13B, kiliongezwa mwaka 1976. Mume na mke waliotengana kwa mwaka 1 au zaidi hupeleka mahakamani ombi la pamoja, kisha hulithibitisha baada ya miezi 6, kabla ya kutimia 18. Muda huo ni wa kutafakari. Mwaka 2017 Mahakama ya Juu iliamua kwamba hakimu aweza kuusamehe pale suluhu isipotarajiwa. Hata hivyo, saini pekee haivunji ndoa. Mwaka 1991 mahakama hiyo iliamua kwamba mmoja wao aweza kuondoa ridhaa yake kabla ya hukumu. Ridhaa ya wote wawili sharti idumu hadi mwisho.