Breki za Nyuma na Daftari la Mama Watoto

Katika makazi ya askari watu huyatambua magari ya jirani zao kwa sauti. Gari la sajini mmoja wa polisi mjini Kampala, Subaru Forester lililotoka Japani likiwa limekwisha kutumika, lilikuwa likisifiwa kwa utulivu wake. Ndiyo sababu lilipoanza kulia kila lilipokaribia lango, kwa sauti nyembamba na kali kama ya kisu kinachonolewa, hata watoto waliokuwa bombani wakichota maji waligeuka kutazama. Sajini alidhani ni vumbi tu. Mkewe, ambaye siku hiyo alikuwa amekaa nyuma pamoja na watoto, ndiye aliyetambua ya kwamba sauti hiyo haitoki mbele, bali chini ya kiti chao, upande wa gurudumu la nyuma.

Jambo hilo halikuwa dogo. Baada ya wiki mbili familia ilitakiwa kuhudhuria arusi ya ndugu yao huko Kabale. Safari hiyo kutoka Kampala ni ya kilometa zipatazo 400, na sehemu yake ya mwisho hupita katika milima ya Kigezi, ambako dereva huteremka miteremko mirefu huku gari limejaa watu na mizigo. Breki inayolalamika langoni, penye uwanja tambarare, si breki ya kupelekwa mlimani.

MLIO HUO NI WA NINI?

Kazi ya breki ya diski si vigumu kuieleza. Diski ya chuma huzunguka pamoja na gurudumu. Dereva akanyagapo, mafuta ya breki husukumwa katika mabomba membamba hadi kwenye kalipa, yaani kile chuma kinachoipakata diski kama kiganja cha mkono. Humo pistoni hutoka na kuzibana pedi mbili, moja kila upande wa diski, na msuguano wao huugeuza mwendo wa gari kuwa joto. Mhandisi Mwingereza Frederick Lanchester alipata hati ya uvumbuzi wa breki ya namna hiyo mwaka 1902. Sifa zake zilienea zaidi baada ya gari la Jaguar lenye breki za diski kushinda mashindano ya saa 24 ya Le Mans, nchini Ufaransa, mwaka 1953.

Pedi huliwa kidogo kidogo, kama sabuni iishavyo mikononi mwa mfuaji. Pedi nyingi zimewekewa ulimi mdogo wa chuma ambao, pedi ikikaribia kwisha, huigusa diski na kupiga kelele ili kumwonya mwenye gari. Onyo hilo likipuuzwa, mlio hugeuka kuwa mkwaruzo, maana sasa chuma cha mgongo wa pedi ndicho kinachoikwangua diski. Hapo mwenye gari hanunui tena pedi peke yake, bali pedi pamoja na diski. Wahenga hawakukosea waliposema kwamba usipoziba ufa utajenga ukuta. Mafundi wengi hushauri pedi ibadilishwe unene wa sehemu yake ya msuguano unapobaki milimita 3 hivi.

Pedi za nyuma husahauliwa kwa sababu inayoeleweka. Gari likifungwa breki, uzito wake huegemea mbele. Kwa hiyo breki za mbele ndizo zinazobeba sehemu kubwa ya kazi, na katika magari mengi pedi zake huisha mapema zaidi. Mwenye gari akiisha kubadilisha za mbele mara mbili huhesabu ya kwamba breki zake zote ni mpya. Hivyo ndivyo alivyokuwa akihesabu sajini.

BREKI YA MKONO NDIYO TOFAUTI

Mtu aliyekwisha kubadilisha pedi za mbele asidhani kwamba za nyuma ni kazi ile ile. Huko nyuma ndiko kwenye breki ya mkono, nayo ina namna tatu ambazo hapana budi zifahamike kabla ya nati ya kwanza kulegezwa.

Namna ya kwanza ni ile ya magari kama Forester la sajini. Ndani ya kitovu cha diski mna ngoma ndogo yenye viatu vyake vya breki, na waya wa breki ya mkono huvuta viatu hivyo. Kalipa haihusiki, na pistoni yake hurudishwa ndani kwa kusukumwa moja kwa moja.

Namna ya pili, waya wa breki ya mkono huvuta kalipa yenyewe. Pistoni ya namna hii huwa na mashimo au mifereji usoni, na aghalabu hurudi ndani kwa kuzungushwa huku ikisukumwa, kwa kifaa maalumu. Anayeilazimisha kwa nguvu bila kuizungusha huiharibu kabisa.

Namna ya tatu ni ya magari mapya zaidi, ambayo breki yake ya mkono huvutwa kwa mota ya umeme baada ya kubonyeza kitufe. Hiyo yataka iamriwe kwanza kulegea kwa utaratibu wa mtengenezaji, mara nyingi kwa kompyuta ya gereji. Asiye na kifaa hicho hapotezi heshima yake akimwachia fundi.

Aidha, yako magari mengi ambayo nyuma hayana diski wala pedi, bali ngoma na viatu vya breki. Kazi ya hayo ni nyingine kabisa.

JUMAMOSI ASUBUHI

Sajini alinunua seti nzima ya pedi nne, kwa kuwa pedi za magurudumu mawili ya mhimili mmoja hubadilishwa kwa pamoja. Upande mmoja ukiwa mpya na mwingine mkuukuu, gari laweza kuvuta upande mmoja likifungwa breki. Usiku wa kuamkia Jumamosi yeye na mkewe waliketi mezani na kitabu cha gari. Mke, ambaye mwandiko wake ni mzuri, aliandika katika daftari la shule kila hatua kwa utaratibu wake, akiacha nafasi pembeni ya kutia alama. Sajini alicheka, akasema kwamba amekwisha kufanya kazi hiyo mara mbili. Mke akamjibu, “Mara mbili ulizofanya zilikuwa za mbele, Baba watoto.”

Asubuhi gari liliwekwa mahali tambarare penye sakafu ngumu. Mkono wa sajini ulikwenda wenyewe kuivuta breki ya mkono, kama alivyozoea. Daftari likamzuia. Kwa gari la namna hii, breki ya mkono ikiwa imevutwa, viatu vile vya ndani huishika diski, nayo haitoki wala haizunguki ili ikaguliwe. Kwa hiyo breki ya mkono ililegezwa, gia ikawekwa mahali pa kuegesha, na magurudumu yote mawili ya mbele yakawekewa kabari za mbao, mbele na nyuma. Nati za magurudumu ya nyuma zililegezwa kidogo gari likiwa bado chini, kisha likainuliwa kwa jeki.

Kijana wao wa miaka 15, aliyekuwa msaidizi, alitaka kuinama mara hiyo atazame ndani. Baba yake alimrudisha nyuma kwa mkono. Jeki ni chombo cha kuinulia, si cha kushikilia. Haikuruhusiwa mtu kuingiza hata kichwa mpaka stendi mbili za chuma zilipowekwa mahali palipoonyeshwa na kitabu, gari likateremshwa juu yake, na likasukumwa kidogo ili kuhakikisha kwamba halitikisiki. Mawe na matofali hayafai kwa kazi hiyo. Tofali hupasuka ghafula.

Magurudumu yalipotolewa, sajini alifungua upande mmoja tu, akiuacha mwingine kuwa kielelezo cha kutazamia. Bolti ya chini ya kalipa ilitoka kwa spana namba 14, na kalipa ikafunuliwa kuelekea juu na kufungwa kwa waya, isije ikaning’inia kwa bomba lake la mpira na kulijeruhi. Pedi za zamani zikachomolewa. Ya ndani ilikuwa imebaki nyembamba kama sarafu. Kijana aliishika mkononi, akaiweka kando ya mpya, akanyamaza.

Vumbi la breki halikupulizwa. Pedi za zamani za aina fulani zilitengenezwa kwa asbesto, ambayo huleta saratani, na vumbi la aina yoyote halifai kuvutwa pumzini. Walivaa barakoa, wakapangusa kwa kitambaa kibichi na dawa ya kusafishia breki. Mahali pa kukalia pedi palisuguliwa kwa brashi ya waya hadi kutu ikatoka, na pini ambazo kalipa huteleza juu yake zikapakwa grisi maalumu ya breki inayostahimili joto. Grisi ikigusa uso wa pedi au diski, breki hiyo si breki tena. Diski nayo ilikaguliwa. Unene wa chini unaoruhusiwa aghalabu huwa umechapwa juu ya chuma chenyewe.

Kabla pistoni haijasukumwa, kifuniko cha chupa ya mafuta ya breki kilifunguliwa, kwa sababu pistoni irudipo ndani mafuta nayo hurudi juu na huweza kumwagika. Mafuta hayo hubabua rangi ya gari. Yakidondoka huoshwa mara moja kwa maji mengi. Ndipo pistoni ikarudishwa polepole kwa klampu, pedi mpya zikakaa, ile yenye ulimi ikiwekwa mahali ilipokuwa ya zamani, na bolti ikakazwa kwa kipimo cha kitabu. Upande wa pili ulifuata vivyo hivyo. Kwa kila hatua mke alitia alama daftarini.

KANYAGIO LILILOZAMA

Saa sita kasoro kazi ilionekana imekwisha. Magurudumu yalirudishwa, gari likateremshwa, nati zikakazwa kwa kuvuka kutoka moja hadi ya mkabala wake. Jirani alikuwa akisubiri apewe nafasi ya kupita. Sajini alijifuta mikono, akaondoa kabari, akaingia na kuwasha moto ili arudi nyuma kidogo. Nyuma ya gari, hatua chache tu, watoto wadogo wa nyumba hizo walikuwa wakicheza mpira.

“Baba watoto,” mkewe akaita, kidole kikiwa daftarini, “mstari wa mwisho hauna alama. Umekwisha kukanyaga?”

Alikuwa hajakanyaga. Aliizima mashine, akaweka mguu juu ya kanyagio la breki, nalo likazama hadi sakafuni kama mguu uingiavyo topeni. Pistoni mbili zilizosukumwa ndani zilikuwa bado hazijaifikia pedi. Kwa kukanyaga mara moja gari lile lisingeshikwa na breki yake ipasavyo. Alikanyaga tena na tena, polepole, mpaka kanyagio likawa gumu na kubaki juu. Hakusema neno. Alitoka, akawaondoa watoto wote nyuma ya gari, akapima mafuta katika chupa, ndipo akarudi kwenye usukani. Mke akatia alama.

Ifahamike vema ya kwamba hatua hiyo haina gharama yoyote, wala haihitaji chombo. Inahitaji kukumbukwa tu, nayo huja saa ile ambayo mtu amechoka na kudhani kwamba amemaliza. Iwapo kanyagio linabaki laini hata baada ya kukanyagwa mara nyingi, au mafuta yanavuja, gari lisiende popote. Fundi na aitwe pale lilipo.

KABLA YA MLIMA

Pedi mpya hazina budi kuzoeana na diski. Siku ile ya jioni, katika barabara tupu na iliyonyooka, sajini alijaribu breki kwanza kwa mwendo wa mtu atembeaye, kisha akapunguza mwendo mara kadhaa kutoka kilometa 50 kwa saa hadi 10, bila kusimama kabisa, akiacha diski zipoe kati ya mara moja na nyingine. Baada ya siku chache alikaza tena nati za magurudumu. Alibadilisha pia mafuta ya breki kwa msaada wa fundi, maana mafuta ya kawaida hunyonya unyevu wa hewa kwa miaka. Mafuta mapya ya daraja la DOT 3 hayachemki chini ya nyuzi 205 za sentigredi, lakini yakiisha kunyonya maji kiwango chake cha chini hushuka hadi 140. Mafuta yakichemka katika mteremko mrefu, kanyagio huzama tena, na safari hii hakuna wa kuuliza kutoka ukumbini.

Kwa ajili hiyo hiyo, dereva mwenye busara huteremka mlima kwa gia ndogo, akiiacha mashine isaidie kulishika gari, wala hakai na mguu juu ya breki tangu kileleni hadi bondeni.

Familia ilikwenda Kabale na kurudi salama, gari likiwa kimya kama zamani. Askari hufundishwa tangu siku za mafunzo kwamba silaha haisemwi kuwa tayari mpaka imekaguliwa na mwingine asiyeisafisha. Breki nazo ni hivyo. Mwenye kufungua na kufunga ni mmoja, lakini ni vema awepo wa pili, mwenye orodha mkononi, ambaye haoni haya kuuliza. Daftari lile la shule sasa hukaa ndani ya gari, pamoja na jeki na kabari, na mstari wake wa mwisho umepigiwa mstari kwa wino mwekundu.