Acheni Kuwapima Wajava

Nikitaja Java, kisiwa cha Indonesia, mahali popote, swali ni lilelile: hao ni Waislamu kweli, au Wahindu waliovaa kofia? Muulizaji hunitajia The Religion of Java, kitabu cha mwanaanthropolojia Clifford Geertz cha 1960, ambacho mara nyingi hajavuka utangulizi wake.

Geertz alifanya utafiti Pare, mji mdogo wa Java Mashariki, mwanzoni mwa miaka ya 1950. Aliwagawa watu mafungu matatu: abangan wa vijijini na mizimu yao, santri wa msikitini na sokoni, na priyayi, watumishi wa serikali wenye adabu za kasri. Mgawo huo ulipendwa kupita kiasi. Harsja Bachtiar, msomi wa Indonesia, alikwisha kueleza kwamba priyayi ni tabaka, si dini. Mtu aweza kuwa priyayi na santri pia.

Twende kwenye slametan, karamu ambayo Geertz aliifanya kitovu cha dini ya abangan. Majirani wanaume huketi mkekani, mwenyeji hutaja nia, dua husomwa kwa Kiarabu, watu huonja kidogo, kinachobaki hupelekwa nyumbani. Kukiwa na msiba hufanywa siku ya 3, ya 7, ya 40, ya 100, hadi ya 1000. Msomaji wa Mombasa au Unguja aliyekula hitima ya arobaini anashangaa nini hapo? Mizimu hutajwa, sikatai. Lakini Geertz aliazima kipimo cha Waislamu wa mageuzi wa mjini, akampimia mkulima, kisha akatangaza kwamba mkulima amepungua. Huo si utafiti, ni kuamua kesi kabla ya kusikiliza shahidi. Mtafiti Mark Woodward, mwaka 1989, alionyesha mizizi ya kisufi ya mambo yaliyoitwa ya Kihindu. Mwanaanthropolojia Andrew Beatty alikuta Banyuwangi, Java Mashariki, watu wa itikadi mbalimbali kwenye mkeka mmoja, kila mmoja akiielewa shughuli kivyake.

Basi msomeni Geertz kwa alichokiona, mafungu yake myaache. Fuatisheni Woodward na Beatty. Mkifika Java, ulizeni nani kaalikwa na kwa nia gani. Na msimwite mtu abangan ovyo. Katika mauaji ya 1965–66 yaliyowalenga wakomunisti, waliouawa Java wengi walitoka vijiji vilivyoitwa hivyo, na vijana wa Ansor, tawi la vijana la jumuiya ya Kiislamu ya Nahdlatul Ulama, walishiriki kuua.