Remmy Ongala, Mwimbaji wa Wanyonge

Huenda umewahi kuisikia sauti ya Remmy Ongala redioni. Lakini upo wimbo wake mmoja ambao redio ilikataa kuupiga. Wimbo huo ulikuwa juu ya uhai wako na wangu.

Remmy alizaliwa mwaka 1947 katika mji wa Kindu, nchini Kongo. Wakati huo Wabelgiji ndio waliotawala huko. Baba yake alikuwa mpiga muziki. Wazazi wake wote wawili walikufa yeye akiwa bado kijana.

Watu walimwita Dokta, ingawa hakusomea udaktari. Mwenyewe alieleza kuwa alizaliwa na meno mawili. Mganga akamwambia mama yake kwamba mtoto huyo asikatwe nywele. Basi akafuga nywele ndefu za kusokota. Pia alijiita "sura mbaya", na watu wakacheka pamoja naye.

Mwaka 1978 alikuja Dar es Salaam kupiga muziki katika bendi ya Mzee Makassy, ndugu yake wa ukoo. Baadaye akaongoza bendi ya Super Matimila. Aliimba mapenzi kama wengine. Lakini aliimba pia umaskini na kifo. Wimbo mmoja aliuita Mnyonge Hana Haki. Mwingine aliuita Sauti ya Mnyonge. Mwaka 1989 sahani yake ilitolewa Uingereza. Wazungu waliicheza, sijui Kiswahili chake walikielewaje!

Sasa tuje kwenye wimbo ule. Wagonjwa wa kwanza wa Ukimwi katika nchi yetu walijulikana mwaka 1983, mkoani Kagera. Ugonjwa ulienea. Mkoa wetu wa Mbeya nao uliumia sana. Tulizika vijana, tukasema wamerogwa. Wazazi waliona aibu kusema na watoto wao.

Mwaka 1990 Remmy alitoa wimbo wa Mambo kwa Soksi. Soksi aliyoisema si ya kuvaa mguuni. Ni kondomu. Aliwaambia wanaume waivae ili wasiambukizwe. Redio Tanzania iliona maneno hayo hayafai, ikakataa kuupiga. Wakati huo Tanzania Bara haikuwa na redio nyingine. Hata hivyo watu waliusikia dansini, na kaseti zikapita mkono kwa mkono.

Je, wakubwa wa redio walikosea? Walijali heshima, na heshima ni kitu chema. Lakini mimi ni bwana shamba. Ukiona mgomba mmoja unanyauka ukanyamaza kwa aibu, mwaka ujao utakosa ndizi, na jirani yako naye atakosa. Mimi nasema Remmy alifanya vema.

Siku hizi kondomu hutajwa hadharani. Dawa zipo pia. Hazimalizi virusi mwilini, lakini anayezimeza kila siku kama alivyoelekezwa anaweza kuishi miaka mingi, akalima na kulea watoto. Kwanza sharti apime. Kwa hiyo usipite tu mbele ya hospitali hapa Igogwe ukienda sokoni. Ingia, uliza, upime, na mwenzi wako pia.

Katika miaka yake ya mwisho Remmy aliacha dansi, akaimba nyimbo za dini. Alifariki Dar es Salaam tarehe 13 Desemba 2010. Ukienda huko, mtaa alioishi wanauita Sinza kwa Remmy.